Kanga Ndani ya Mkoba: Kwa Nini Msichana wa Moshi Ana Mavazi Mawili na Lugha Mbili

Panda haisi ya asubuhi kutoka Marangu Mtoni kwenda Moshi mjini, kaa siti ya nyuma, halafu angalia tu. Anapanda msichana mmoja. Tumwite Manka, maana ndilo jina ambalo Tanzania nzima humpa msichana wa Kichaga bila hata kumuuliza anaitwa nani. Manka kavaa jinzi ya kubana na kitopu, ila juu ya jinzi kafunga kanga inayofika karibu na viatu. Anamwamkia mama aliyekaa mbele yake: "Shikamoo mama." "Marahaba mwanangu." Yanafuata maneno mawili matatu ya Kichaga, shimbonyi, habari za nyumbani, aika. Pale Himo mama anashuka. Gari likifika stendi ya Moshi, kanga inafunguliwa, inakunjwa vizuri na kuingia kwenye mkoba. Simu inaita. "Shosti! Nishafika, mwaya. Niambie, leo umetokelezea au umekuja kama jana?" Kicheko.

Jioni mambo yanarudi kinyumenyume. Gari likikaribia Marangu, kanga inatoka mkobani, sauti inashuka, shikamoo zinaanza.

Wapo watakaouita unafiki. Wengine watasema ndiyo hayo, vijana wa siku hizi, hasa wasichana, wanaharibu Kiswahili na maadili kwa mpigo mmoja. Sisi tunaosoma isimujamii, yaani sayansi inayochunguza lugha jinsi inavyotumika katika jamii, tunaona kitu kingine kabisa. Manka hajachanganyikiwa. Anafanya hesabu, na anaifanya haraka kuliko anavyoweza kuieleza. Makala hii inajaribu kuionyesha hesabu hiyo, na kuonyesha kwa nini anayeikosea hulipa bei kubwa kuliko kaka yake.

Mtangazaji mmoja, redio mbili

Tuanzie mbali kidogo, New Zealand. Mwanaisimu Allan Bell alikuwa akichunguza matamshi ya watangazaji wa habari. Akakuta watu walewale wakisoma habari kwenye stesheni mbili zilizokuwa jengo moja: moja ya taifa, yenye wasikilizaji wenye hadhi zaidi, nyingine ya jamii, ya watu wa kawaida. Msomaji ni yuleyule, studio zilezile, habari nazo zinakaribia kufanana. Lakini sauti ya t katikati ya maneno ilibadilika. Kwenye stesheni ya jamii ililegea zaidi, ikakaribia d. Kwenye ya taifa ilibaki ngumu.

Mwaka 1984 Bell alieleza kwa nini. Mtu habadilishi namna ya kusema kwa sababu tu yuko makini au amejisahau, kama wengi walivyodhani. Anabadilisha kwa sababu ya hadhira: nani anamsikiliza. Na hadhira ina tabaka. Yupo unayeongea naye uso kwa uso. Wapo waliomo kwenye mazungumzo ingawa huwasemeshi wao. Yupo unayejua anasikia, japo hayumo. Na yupo anayesikiliza bila wewe kujua. Kila mmoja anavuta ulimi wako kidogo upande wake.

Rudi sasa kwenye haisi. Mama wa Himo hakuwa rafiki wa Manka, na huenda hata hawafahamiani kwa majina. Lakini alikuwa anasikia na anaona, na mlimani mtu anayekuona leo ni mtu anayemjua shangazi yako. Kanga ile ilikuwa imefungwa kwa ajili yake na wenzake. Ujumbe wake ulikuwa mfupi: naijua adabu ya hapa.

Upana wa pindo la suruali

Huenda utasema, sawa, hiyo ni lugha. Nguo inaingiaje? Kuna mtafiti aliyeviweka vyote viwili kwenye mizani moja. Penelope Eckert alikaa mwanzoni mwa miaka ya 1980 na wanafunzi wa sekondari kwenye viunga vya jiji la Detroit, Marekani. Shule ilikuwa na kambi mbili kubwa. Moja ya wanafunzi wanaopenda mambo ya shule: michezo, uongozi, kujiandaa kwenda chuo. Nyingine ya wanaoiona shule inawabana, macho yao yako mjini, kwenye kazi na maisha ya mtaani.

Eckert alirekodi irabu zao, lakini alitazama pia jinzi zao. Wakati ule kambi ya mtaani ilivaa suruali pana chini, na kambi ya shule ilivaa zilizonyooka au kubana. Alipopita uwanjani wakati wa mapumziko, upana wa mapindo uliongezeka kadiri alivyosogea kutoka eneo la kambi ya shule kwenda walipojikusanya wavutaji sigara. Irabu nazo zilifuata mkondo huohuo. Yaani suruali na matamshi vilikuwa vinasema jambo moja kwa njia mbili.

La tatu ndilo linalotuhusu zaidi. Wasichana ndio waliokwenda mbali kuliko wavulana. Wasichana wa kambi ya mtaani walitamka irabu za mjini kuwapita hata wavulana wa kambi yao. Maelezo ya Eckert ni haya: mvulana hupata nafasi kwa anachofanya, awe mchezaji mzuri, fundi wa magari au mgomvi. Msichana hupimwa kwa jinsi anavyoonekana kuwa mtu wa namna gani. Asiyepewa uwanja wa kuthibitisha kwa vitendo hulazimika kufanya kazi kubwa zaidi kwa alama: nywele, kiatu, irabu, neno.

Nguo iliyosema kabla ya simu

Hapa kwetu wazo la nguo kusema halihitaji kuletwa kutoka Detroit. Tunalo kwenye kabati.

Kanga, ambayo Mombasa wanaiita leso, ilianza kwenye pwani ya Afrika Mashariki karne ya 19. Ina pindo kuzunguka, ina mji katikati, na ina jina, yale maandishi ya chini. Maandishi yaliingia baadaye. Mwanzo yaliandikwa kwa herufi za Kiarabu, kisha za Kirumi. Mtu husema kanga ni nguo ya heshima na kuishia hapo. Lakini wanawake wa pwani waliitumia tangu zamani kusema yasiyosemeka. Umegombana na jirani? Humtukani. Unavaa kanga iliyoandikwa Hasidi hana sababu na kupita mbele ya mlango wake kwenda kuchota maji. Akikuuliza, unajibu kwa upole: "Hii? Kanga tu, nilizawadiwa."

Mtafiti Rose Marie Beck ameyaeleza vizuri mawasiliano ya namna hiyo: nguvu yake iko kwenye utata. Ujumbe umefika, lakini hakuna aliyesema. Anayevaa anaweza kukana, anayesomewa anaweza kujifanya hajaona, na amani ya mtaa ikabaki.

Kanga ilidai makubwa zaidi pia. Zanzibar utumwa ulifutwa kisheria mwaka 1897. Mwanahistoria Laura Fair ameonyesha jinsi wanawake waliokuwa watumwa walivyoachana na kaniki, kitambaa cheusi kilichowatambulisha kama watumwa, wakavaa kanga za rangi. Hakuna aliyewapa cheti cha kuwa Waswahili kamili. Walikivaa.

Mlimani nako kuna kitu kinachosema bila mdomo. Uliza mzee yeyote wa Kichaga kuhusu jani la isale. Linaotesha mipaka ya vihamba, lakini ukilipeleka kwa uliyemkosea, umeomba msamaha, na kulikataa ni jambo zito. Kwa hiyo binti anayekulia Marangu au Kibosho hajifunzi kwenye simu kwamba kitu cha mkononi kinaweza kubeba neno. Amelikuta nyumbani.

Kinachofurahisha kwenye kisa cha Manka ni kwamba kanga, iliyokuwa nguo ya kisasa na ya kudai uhuru miaka mia moja na zaidi iliyopita, sasa ndiyo inayosimama upande wa adabu. Alama haina maana ya kudumu. Maana yake inatokana na nani alishaivaa, wapi, na mbele ya nani.

Memorial: kuungaunga mtindo

Kitopu cha Manka kimetoka wapi? Kwa uwezekano mkubwa, soko la Memorial, kwenye mitumba. Kelele za wauzaji zenyewe ni somo la misimu: jero jero! (shilingi mia tano), buku buku! (elfu moja). Belo linafunguliwa, wajanja wanakuwa wa kwanza kupointi, yaani kuchambua vipande vikali kabla mikono mingine haijafika.

Mitumba ina historia ya kisiasa. Miaka ya Ujamaa uingizaji wake ulibanwa, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 nguo zilikuwa za shida kweli. Biashara ilipoanza kulegezwa mwaka 1984, nguo za nje zikarudi kwa wingi. Watu wakazipachika jina la mzaha, kafa Ulaya, kama kwamba mwenye nguo lazima alikuwa marehemu, maana mtu mzima hawezi kugawa shati zima namna hii! Mwaka 2016 nchi za Afrika Mashariki zilipanga kuiondoa mitumba sokoni ifikapo 2019. Marekani ikatishia kuondoa nafuu ya ushuru kwa bidhaa zetu. Rwanda ikashikilia msimamo na kupoteza nafuu hiyo kwa nguo zake mwaka 2018, Tanzania ikarudi nyuma. Memorial ikaendelea.

Kwa mada yetu, mitumba ina sifa moja ambayo nguo mpya za bei hiyo hazina: kila kipande ni kimoja. Huwezi kununua mtindo mzima ukiwa umefungwa kwenye mfuko. Unapata koti hapa, sketi pale, unampelekea fundi cherehani abane kiuno, unachanganya na kitenge kilichobaki kwenye sare ya sendofu ya dada. Wanaisimu wanaotazama mitindo wanasema hivyo ndivyo mtindo wa lugha unavyojengwa pia. Hakuna anayezaliwa na lahaja yake kamili mkononi. Watu huungaunga: neno la Dar, lafudhi ya shule ya bweni, kionjo cha Kichaga, Kiingereza cha kwenye simu. Fundi ni mmoja, vitambaa ni vingi.

Maneno yanashonwaje

Misimu, ndilo jina la kitaalamu la maneno haya ya mitaani, hudharauliwa kwa hoja kwamba ni lugha isiyo na sarufi. Hebu tulipime hilo kwa maneno ya mavazi.

Kutokelezea, yaani kupendeza ukakamilika. Msingi wake ni toka. Ongeza unapata tokea. Endelea kunyambua unapata tokeleza, halafu tokelezea. Hivi ni viambishi vilevile vya unyambulishaji ambavyo mwalimu wa kidato cha pili anahangaika kuvifundisha ubaoni. Vijana wamevipanga safu bila daftari.

Kutupia, kuvaa ukapendeza: tupa pamoja na kauli ya kutendea. Pamba, nguo kali: malighafi imetumika kumaanisha kilichotengenezwa nayo. Kwenye fasihi mbinu hiyo inaitwa taashira na unapewa alama kwa kuitaja. Pisi kali: neno la Kiingereza limevuliwa kiatu mlangoni, likatamkwa Kiswahili, likapewa kivumishi kali, ambacho nacho kimehama kutoka ukali wa kisu kwenda ubora. Kagauni, kakoti, kaviatu: Kiswahili sanifu hakina ka- ya udogo, lakini lugha nyingi za Kibantu za bara zinayo, na kwenye mazungumzo ya wasichana ka- haipunguzi ukubwa tu, inaongeza mapenzi. Kagauni kazuri haimaanishi gauni dogo. Maana yake ni gauni ninalolitamani.

Yapo maneno ambayo historia yake ni ya wanawake hasa. Kamusi ya Johnson ya mwaka 1939 inaeleza shoga kuwa ni rafiki, neno linalotumiwa baina ya wanawake. Pwani bado utalisikia hivyo. Lakini neno hilo limebeba pia maana ya mwanamume anayefanya mapenzi na wanaume, na kwa wasemaji wengi wa bara maana hiyo ndiyo iliyotangulia mbele. Sasa, msichana anayetaka kumwita mwenzake afanyeje? Shosti ipo. Mwanzo wake ni uleule, sho-, utamu wake ni uleule, mzigo haupo. Ukiongeza besti, kipenzi, wangu, na ile mwaya ya kubembeleza mwishoni mwa sentensi, unaona seti nzima ya zana za kujenga ukaribu, na kijana wa kiume akizitumia zote kwa mkupuo lazima wenzake wamtazame mara mbili.

Kwa nini hatuyasikii

Utafiti wa misimu ya Kiswahili upo, na ni mzuri. Mwaka 2006 Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walitoa kwenye jarida la Swahili Forum kazi kubwa kuhusu lugha ya mitaani nchini Tanzania, pamoja na kamusi ya maneno na misemo takriban 1,100. Ukipekua orodha za aina hii, zao na za wengine, unakutana na foleni ya maneno ya kumtaja mwanamke mrembo: demu, manzi, toto, kifaa, chombo. Mwanamke yumo sana kwenye misimu, lakini mara nyingi yumo kama anayesemwa.

Sababu mojawapo ni mahali. Misimu imezoeleka kutafutwa kijiweni: kwenye bodaboda, kwenye kahawa, nje ya duka la mangi. (Mangi lenyewe ni neno la kupendeza. Lilikuwa cheo cha mtawala wa Kichaga. Leo kuanzia Mwanza hadi Mtwara ni mwenye duka la mtaani.) Kijiwe ni pa wanaume. Msichana akikaa pale saa nzima atapewa jina, na halitakuwa zuri.

Lugha ya wasichana inapikwa kwingine. Saluni, ambapo kusuka rasta kunachukua nusu siku na mdomo hauna kazi nyingine. Hosteli za vyuo, na Moshi ina vyuo si haba. Mazoezi ya kwaya, maandalizi ya sendofu na kicheni pati, magrupu ya WhatsApp. Sehemu hizi mtafiti wa kiume mwenye kinasa sauti haingii hivihivi.

Kilimanjaro ina bahati kwamba kuna aliyeingia. Mwanaanthropolojia Amy Stambach alifanya utafiti upande wa Machame miaka ya 1990, akaandika kitabu kuhusu shule na jinsia kwenye mlima huu, kilichotoka mwaka 2000, na makala nyingine mahsusi kuhusu saluni za nywele. Alikuta watu wakiwa tayari na jina la msichana aliyesoma, anayejipenda na mwenye macho ya mjini: dada wa mjini. Jina lilikuwa na sifa na lawama ndani yake. Huyu ndiye aliyefaulu, na huyu ndiye tunayemwogopa. Mabishano ya saluni, yaani nani anapaka dawa nywele na kwa pesa ya nani, yalikuwa kwa kweli mabishano kuhusu nani ana haki ya kuamua maisha ya msichana. Na miaka hiyohiyo nchi ilikuwa inaingia vyama vingi, watu wanabishana pia nani aamue mambo ya taifa.

Dada wa mjini wa wakati ule na sista duu wa mitaani ni ndugu. Wote wana kaka zao: bishoo, brazameni, sharobaro. Lakini sikiliza uzito. Kumwita kijana sharobaro ni kumtania. Neno kama mdangaji, msichana anayechuna wanaume pesa, linaweza kumfuata mtu mpaka kanisani. Na tusijidanganye, wasichana wenyewe wanarushiana neno hilo. Mtindo unaunganisha marafiki, na papo hapo unatengeneza wa nje.

Desemba, mwezi wa usafirishaji

Maneno na mitindo hupandaje mlima? Kwa simu, ndiyo. Ila Kilimanjaro ina njia yake, na ina kalenda. Kila Desemba Wachaga wa Dar, Arusha, Mwanza na kwingineko wanarudi nyumbani kula Krismasi. Mabasi yanajaa, vihamba vinajaa, vijijini kunachangamka. Kwa wiki mbili mpwa wa Mbezi analala chumba kimoja na binamu wa Rombo. Wanapeana krimu, wanapeana nyimbo, wanachekana lafudhi. Januari wa Dar anaondoka, neno linabaki, na kagauni pengine kanabaki pia.

Hapa kuna jambo ambalo isimu inalijua kwa muda mrefu. William Labov, mmoja wa waasisi wa isimujamii, alionyesha kwamba mabadiliko mengi ya lugha huongozwa na wanawake. Terttu Nevalainen na Helena Raumolin-Brunberg wa Finland walichambua maelfu ya barua za Kiingereza za tangu karne ya 15 hadi ya 17. Katika mabadiliko 14 waliyoyafuatilia, mengi yalitangulia kwenye barua za wanawake. Kinacholaumiwa leo kama kuharibu lugha kimekuwa mara nyingi lugha ya kesho, na aliyelaumiwa alikuwa mbele tu ya foleni. Indonesia nako vijana wa mjini, wasichana wa vyuo wakiwemo, wana Kiindonesia chao, bahasa gaul, na nako wazee wanashika kichwa. Nairobi wana Sheng. Hatuko peke yetu.

Bei ya kusomwa vibaya

Mpaka hapa inaweza kuonekana kama mchezo mtamu. Siyo kila siku.

Oktoba 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulipitisha azimio la kupiga vita vimini, mawigi, krimu za kujichubua na suruali za kubana. Operesheni Vijana ikapangwa kuanza rasmi tarehe 1 Januari 1969. Kabla hata ya siku hiyo, makundi ya vijana yalikuwa yameshaanza kuwazingira na kuwashambulia wanawake Kariakoo, Dar es Salaam. Mwanahistoria Andrew Ivaska, aliyepitia magazeti ya wakati ule, anaonyesha mvua ya barua kwa wahariri. Wapo waliounga mkono, wapo waliouliza swali gumu: ikiwa tunarudi kwenye utamaduni wa asili, mababu zetu walikuwa wanavaa nini hasa? Kilichobishaniwa hakikuwa sentimita za sketi. Kilikuwa mwanamke kijana mwenye mshahara wake, ofisini, mjini.

Miaka ikapita. Novemba 2014 wanawake waliandamana Nairobi kudai haki ya kuvaa watakavyo, baada ya mwenzao kuvuliwa nguo hadharani. Tarehe 1 Juni 2021, bungeni Dodoma, Mbunge wa Momba, Condester Sichalwe, alitakiwa na Spika atoke akavae vizuri, baada ya mbunge mwenzake kulalamikia suruali yake. Huyu ni mbunge. Fikiria sasa binti wa miaka 20 anayeomba nafasi ya mafunzo kwa vitendo, au anayepita stendi saa moja usiku.

Nadharia ya Bell inatusaidia kuona ugumu wake. Kubadilisha mtindo kunawezekana ukijua hadhira ni nani. Lakini mjini hadhira inaingiliana. Kwenye daladala moja wamo bosi wa kesho, mchungaji, konda, na mwanafunzi mwenzio. Mtandaoni ni zaidi: picha uliyowapigia mashosti inamfikia mjomba. Mwanamume kijana naye anasomwa, lakini akisomwa vibaya kwa kawaida anapoteza heshima kidogo. Msichana anaweza kupoteza kazi, ada kutoka kwa mlezi, au usalama wa mwili. Ndiyo maana anakuwa fundi wa kusoma watu. Ustadi wake ni wa kweli, na umenolewa na hofu pia. Tukiusifia ustadi bila kuitaja hofu tutakuwa tumesema nusu.

Kwa hiyo tukisikia "wasichana wa siku hizi hawajui Kiswahili", tuulize ushahidi uko wapi. Anayeweza kuamkia kwa adabu Marangu, kujieleza kwa Kiswahili fasaha kwenye usaili saa nne, na kutaniana kwa misimu saa saba mchana, amemiliki lahaja tatu na ratiba yake. Wasiwasi wa haki ni kwa yule aliyenyimwa mojawapo. Binti asiyepewa nafasi ya kukijua Kiswahili cha ofisini anafungiwa mlango, na hilo ni kosa la kufundisha, si la misimu. Walimu, mnaweza kulitumia neno kutokelezea kufundishia unyambulishaji. Tunaamini darasa halitasinzia.

Jaribu mwenyewe

Huhitaji maabara. Chukua daftari dogo, andika kwa siku moja tu: kila mtu uliyemsalimia, umemwitaje, umetumia salamu gani (shikamoo, habari, mambo, niaje), ulikuwa umevaa nini, na nani mwingine alikuwa anasikia. Hiyo safu ya mwisho usiiache. Jioni pitia. Utashangaa una mitindo mingapi, na mara ngapi ulibadilisha kwa ajili ya mtu ambaye hukuongea naye kabisa.

Kisha muulize dada yako au binamu yako afanye hivyohivyo, mlinganishe. Kama yeye ni wa kike na wewe ni wa kiume, hesabuni mistari kwenye ile safu ya mwisho, halafu muulize kwa nini yake ni mirefu. Akianza kujibu, usimkatize. Na ukiona kanga iliyokunjwa ndani ya mkoba wake, muulize pia inamngoja nani.